Furushi la Kamau: Kuipandisha Hadithi Fupi ya Ngũgĩ Jukwaani

Mwaka wangu wa kwanza kama mlezi wa chama cha drama shuleni, nilichukua hadithi ya Ngũgĩ wa Thiong'o, "The Return", nikaifanya mchezo. Ukaanguka puu. Nilimsimamisha msimulizi pembeni akasoma aya baada ya aya, huku mvulana aliyeigiza Kamau, mhusika mkuu, akitembea polepole kurudi kwao. Hata dakika tano hazijaisha, waliokaa nyuma walikuwa wakirushiana maganda ya njugu. Sikuwalaumu.

Tangu siku hiyo naanza na vitabu viwili mezani. Cha kwanza ni Secret Lives, mkusanyo wa hadithi zake fupi uliotoka 1975. Cha pili ni Nitaolewa Nikipenda, tafsiri ya Ngaahika Ndeenda, tamthilia aliyoiandika kwa Kikuyu pamoja na Ngũgĩ wa Mirii.

Isome hadithi yako mara moja bila kalamu. Mara ya pili shika penseli, upigie mstari kila kitu kinachoshikika kwa mkono. Mawazo, huzuni na kumbukumbu viache kwanza. Kamau ametoka kizuizini wakati wa Hali ya Hatari ya enzi za ukoloni Kenya, akakuta mkewe Muthoni ameondoka na Karanja, yule yule aliyewaletea watu habari kwamba Kamau amekufa. Kitabuni uchungu huo umo kichwani mwake, na kichwa cha mtu hakionekani kutoka safu ya kumi. Ila Kamau ana furushi. Amelibeba njia nzima, na mwishoni linabingirika na kutumbukia mtoni, naye anajikuta amepata nafuu asiyoielewa.

Basi mchezo ni furushi. Kamau wangu wa pili sikumpa neno hata moja la kujililia. Nilimwambia asilitue: akisalimiana na kina mama wanaochota maji, akiambiwa habari za Muthoni, asilitue. Lilipomponyoka, ukumbi uliguna. Na furushi lenyewe lishone vizuri! Letu lilikuwa blanketi kuukuu lililofungwa kwa kamba ya katani, ndani mkiwa na kilo mbili za mchanga, ili bega la mwigizaji liiname lenyewe. Ukijaza magazeti, watu wataona magazeti.

Kisha fungua tamthilia uone mwandishi mwenyewe alivyofanya. Anza na hadithi nyingine ya Secret Lives: katika "Wedding at the Cross", Wariuki na Miriam wametoroka, wakaishi kama mume na mke. Wariuki anatajirika, anajiita Dodge W. Livingstone Jr., halafu anataka harusi ya kanisani. Miriam anakataa mbele ya watu wote: yeye ni mke wa Wariuki, na Wariuki amekufa. Sasa mtazame Kiguunda na Wangeci katika Nitaolewa Nikipenda. Nao wameoana kimila, nao wanashinikizwa wakabariki ndoa kanisani. Kwa maoni yangu mbegu ni moja. Ila hapa ukutani kuna hati ya shamba la ekari moja na nusu, na ili harusi ifanyike, hati hiyo inawekwa rehani benki. Mtazamaji hahitaji kuelezwa kinachopotea, anauona ukuta.

Baada ya hapo gawa maneno ya msimulizi. Kila sentensi iulize: nani angefaidika kuisema, na angemwambia nani? Isiyopata mwenyewe, ifute. Mimi hufuta karibu nusu, na sijawahi kujuta. Ngũgĩ naye alipitia hapo: tamthilia yake The Black Hermit, iliyochezwa Kampala Novemba 1962, ina wahusika wanaosimama wakajieleza mno. Naipenda, lakini mwanafunzi akiniletea ukurasa wa namna ile naurudisha.

Ruhusa nayo. Mwandishi alifariki Mei 2025, lakini haki miliki haikuzikwa naye. Zoezi la darasani halina shida. Ukitaka kuuza tiketi au kuingia mashindanoni, mwandikie mchapishaji mapema.

La mwisho wengi hulipuuza: fanya mazoezi mlango ukiwa wazi. Kamiriithu, Limuru, mwaka 1977, mazoezi ya Ngaahika Ndeenda yalifanyika hadharani, na wanakijiji waliwasahihisha waandishi jinsi mzee anavyozungumza na wimbo upi huimbwa wapi. Mchezo ulianza Oktoba. Katikati ya Novemba serikali ikafuta leseni, na mwaka ulipokuwa unaisha Ngũgĩ akakamatwa. Naona uliuma kwa sababu wenyewe walikuwa wameshausahihisha.

Kwetu aliyetusahihisha ni mpishi wa shule. Alisimama mlangoni na mwiko wake, akatazama Kamau akiingia kwa babake na kuketi katikati ya chumba. "Mwalimu," akasema, "baba yangu alitoka kizuizini. Miaka mingi hakukaa katikati ya nyumba. Alikaa karibu na mlango, akiutazama."

Tukakisogeza kiti. Kamau akaketi ubavu kwa mlango, furushi mapajani, na yale maneno matatu niliyokuwa nimembakishia hapo nikayakata.