Namna ya Kuutembea Mji wa Zama za Kati Pamoja na Mwongozaji

Mji uliojengwa katika zama za kati, yaani takribani kati ya karne ya 5 na ya 15, haukukusudiwa kupitwa na magari. Njia zake nyingi zinatosha punda mwenye shehena au mkokoteni mmoja, kona zake ni kali, na mengi yaliyo muhimu yameandikwa ukutani, juu ya mlango au chini ya dirisha, mahali ambapo aliyeketi ndani ya basi hawezi kupaona. Ndiyo maana mji wa namna hii hujulikana kwa miguu. Hata hivyo miguu peke yake haitoshi, kwa kuwa mgeni asiye na mtu wa kumwelekeza huona mawe ya kale mbele na mawe ya kale nyuma, akaamini kwamba yote ni ya umri mmoja. Ukweli ni kwamba karibu kila mji wa aina hii umeungua, umebomolewa, umepanuliwa na kukarabatiwa mara nyingi, na kazi kubwa ya mwongozaji mzuri ni kukuonyesha kipi ni cha asili, kipi kimejengwa upya, na nani aliamua kijengwe hivyo. Maelekezo yanayofuata yamepangwa kwa kuzingatia lengo hilo.

Anza kwa kumchagua mwongozaji, wala usikubali kuchaguliwa. Katika nchi kadhaa, Italia na Moroko zikiwemo, kazi hii hufanywa kwa leseni, na mwenye leseni huwa na kitambulisho ambacho una haki ya kuomba kukiona kabla ya kuondoka naye. Katika mji wa Fez, nchini Moroko, tahadhari hiyo ina maana ya pekee, kwa sababu vijana wasio rasmi huwafuata wageni malangoni na kuwapeleka moja kwa moja kwenye maduka ambako hulipwa kamisheni. Kwingineko utakuta matembezi yanayotangazwa kuwa ni ya bure. Mara nyingi maana yake ni kwamba mwongozaji hana mshahara na anaishi kwa bakshishi, kwa hiyo ni haki umpe mwishoni kiasi kinacholingana na saa alizokutumikia. York, nchini Uingereza, ni tofauti: huko kuna chama cha waongozaji wa kujitolea ambacho tangu mwaka 1951 kimekuwa kikiwatembeza wageni bila malipo yoyote.

Kabla ya kulipa, uliza maswali machache. Kundi litakuwa na watu wangapi? Wakizidi ishirini katika kichochoro chembamba, walio nyuma hawasikii kitu, isipokuwa kama kila mmoja amepewa kifaa cha kusikilizia masikioni. Je, bei inajumuisha viingilio vya minara na makanisa, au mtayatazama kwa nje tu? Je, kuna ngazi nyingi? Swali hili la mwisho halipaswi kuonewa haya, kwa kuwa ngazi za minara ya kale ni nyembamba, zimelika katikati kwa kukanyagwa karne kwa karne, na aghalabu hakuna njia nyingine ya kushuka.

Jioni ya kuamkia matembezi, chukua ramani ya mji na uitazame kwa nusu saa. Tafuta mambo manne: maji, soko, jengo kuu la ibada na mstari wa kuta. Ukishayapata, utakuwa umeelewa kwa nini mji uko pale ulipo na kwa nini barabara zake zinapinda zinavyopinda, maana nyingi huanza langoni na kuishia sokoni. Iwapo kuta zilikwishabomolewa, mara nyingi umbo lake limebaki kwenye ramani. Mji wa kale wa Vienna, Austria, unazungukwa na barabara pana iliyopita mahali ambapo ngome zilisimama hadi Kaisari Franz Joseph alipoamuru zivunjwe mwaka 1857. Mtu aliyekwisha kuuona mzunguko huo kwenye karatasi humfuata mwongozaji akiwa anajua yuko ndani au nje ya mji wa kale, na hilo pekee huondoa nusu ya mkanganyiko.

Kuhusu mavazi na saa sina mengi ya kusema. Vaa viatu vyenye soli nene isiyoteleza ambavyo umekwisha kuvizoea, kwa kuwa vijiwe vya mviringo vilivyotandazwa barabarani huchosha nyayo na huteleza mvua inaponyesha. Chagua matembezi ya asubuhi na mapema, kabla makundi makubwa hayajafika.

Mkishaanza, simama karibu na bega la mwongozaji, upande ule anaoelekea kuonyesha, na ujizoeze kuinua macho. Katika mitaa ya biashara, sehemu za chini za majengo zimebadilishwa mara nyingi kwa vioo na mabango, ilhali ghorofa za juu zimeachwa zilivyokuwa. Mtaa wa Shambles mjini York ni mfano mzuri. Hapo zamani ulikuwa mtaa wa wachinjaji, na nyumba zake za fremu za mbao zina ghorofa zinazochomoza kila moja mbele ya iliyo chini yake, hata paa za pande mbili zinakaribia kukutana juu ya vichwa vya wapita njia. Ukitazama kwa makini utaona kulabu za chuma zilizotumika kutundikia nyama, na chini ya madirisha kuna mbao pana zilizokuwa meza za kuuzia. Mwombe mwongozaji asimame hapo dakika tano zaidi hata kama wengine wana haraka. Kulabu moja iliyobaki mahali pake inaeleza maisha ya mji kuliko orodha ndefu ya wafalme.

Kisha jifunze kusoma ukuta wenyewe, kwa kuwa hapa ndipo utajiri wa matembezi ulipo. Sogea karibu. Jiwe lililochongwa kwa patasi ya mkono lina mikwaruzo ya mshazari isiyolingana, hali jiwe lililokatwa kwa mashine lina uso ulionyooka mno. Chokaa ya zamani ni laini na nyeupe, mara nyingine ina chembe za makaa au vipande vya kombe ndani yake. Saruji ya karne ya 20 ni ya kijivu, ngumu, na huwa imejazwa kwa ukingo mkali. Pengine utaona matundu ya mraba yaliyojipanga kwa mistari kwenye ukuta mzima, ambayo wageni wengi hudhani yalikuwa ya kurushia mishale. Mara nyingi ni matundu ya boriti za jukwaa ambalo waashi walisimama wakati wa kujenga. Penye bahati utaona pia alama ndogo zilizochorwa juu ya mawe, msalaba, nyota au mshale, ambazo waashi walizichonga ili kutambulisha kazi ya kila mmoja. Tafuta vilevile madirisha yaliyozibwa, milango isiyofika chini, na mahali ambapo rangi ya mawe inabadilika ghafla. Kila badiliko la namna hiyo ni tukio, na ni halali kabisa kumkatiza mwongozaji kwa adabu na kumuuliza ni tukio gani.

Carcassonne, kusini mwa Ufaransa, ni shule kamili ya usomaji huo. Mji huo umezungukwa na kuta mbili zenye minara 52, na kwa mbali unaonekana kana kwamba ulijengwa kwa siku moja. Ukikaribia ukuta wa ndani utaona sehemu za chini zenye mawe madogo yaliyokatizwa na safu za matofali mekundu, ambazo ni kazi ya mwisho wa enzi za Warumi. Juu yake kuna mawe makubwa ya karne ya 13. Na juu kabisa kuna paa zenye ncha ambazo mbunifu Viollet-le-Duc aliziongeza katika ukarabati ulioanza mwaka 1853. Muda mfupi kabla ya hapo serikali ilikuwa imekaribia kuziacha ngome hizo zibomolewe, na wenyeji wakapinga. Wako wanaomlaumu Viollet-le-Duc kwa kutumia paa za mtindo wa kaskazini mahali pa kusini, na wako wanaosema kwamba bila yeye pangebaki kifusi. Mwongozaji anayekueleza pande zote mbili anakuheshimu; anayekuambia kwamba kila kitu ni cha zama za kati anakunyima sehemu bora ya habari.

Kwa hiyo swali la kwanza la kubeba mfukoni ni hili: "Sehemu hii imejengwa upya lini, na kwa nini?" Lisiulizwe kwa kushuku, bali kwa kutaka kujua, kwa kuwa ujenzi mpya nao ni historia. Mji mkongwe wa Warsaw, Poland, uliteketezwa mwaka 1944, ukajengwa tena kwa kusaidiwa na michoro ya mchoraji Bernardo Bellotto wa karne ya 18, na mwaka 1980 UNESCO iliuorodhesha kuwa urithi wa dunia kwa sababu ya ujenzi huo mpya wenyewe. Rothenburg, Ujerumani, ulipigwa mabomu tarehe 31 Machi 1945, na unapopita juu ya ukuta wake utaona vibao vya mawe vyenye majina ya watu wa nchi mbalimbali waliochangia kuujenga tena, kila mmoja na idadi ya mita alizolipia. Ukiwa juu ya kuta za Dubrovnik, Kroatia, tazama chini kwenye mapaa: vigae vilivyofifia ni vya zamani, na vile vyekundu vinavyong'aa vingi vyao viliwekwa baada ya mashambulizi ya mwaka 1991 na 1992.

Swali la pili ni fupi zaidi: "Tunajuaje?" Waongozaji hurithishana hadithi tamu, na baadhi yake hazina msingi. Utaambiwa, kwa mfano, kwamba ngazi za minara zilizunguka kuelekea kulia kwa anayepanda ili mlinzi aliye juu awe na nafasi ya kutumia upanga wake na adui anayepanda aikose. Wachunguzi wa ngome wameonyesha kwamba zipo ngazi nyingi zilizozunguka upande mwingine, na kwamba maelezo hayo yalianza kuenea mwanzoni mwa karne ya 20. Mwongozaji mwenye ujuzi hatakasirika ukiuliza. Atakutajia hati, uchimbaji au maandishi ya ukutani, au atakiri kwamba ni simulizi tu. Mara nyingine ushahidi uko wazi mbele ya macho. Siena, Italia, walianza mwaka 1339 kulipanua kanisa lao kuu liwe miongoni mwa makubwa kabisa, kisha tauni ikaingia mwaka 1348 na kuua sehemu kubwa ya watu wa mji. Ukuta mrefu wa kanisa hilo ambalo halikukamilika bado umesimama wazi, matao yake yakitazama angani, na wageni hupanda juu yake.

Swali la tatu linahusu wasiotajwa. Mji haukuwa wa maaskofu na wakuu peke yao. Uliza watu maskini waliishi wapi, wanawake walifanya kazi gani, Wayahudi walikaa mtaa upi na nini kiliwapata. Juu ya kilima cha Clifford's Tower, York, Wayahudi wa mji huo wapatao 150 waliangamia mwezi Machi 1190 walipozingirwa na umati ndani ya ngome ya mbao, ambayo iliteketea. Mnara wa mawe unaoonekana leo ulijengwa baadaye, katika karne ya 13. Anayepiga picha pale bila kuambiwa jambo hilo amepelekwa mahali na kufichwa maana yake.

Kumbuka wakati wote kwamba watu wanaishi humo. Usisimame mlangoni mwa mtu, wala usimpige picha fundi kabla hajakuruhusu. Fez haina magari ndani ya mji wake wa kale, na mizigo hubebwa na punda na nyumbu, ukisikia mwito "balak!" jibane ukutani mara moja. Msikiti wa Qarawiyyin, ambao kwa masimulizi ulianzishwa mwaka 859, hawaingii wasio Waislamu, nao hutosheka kutazama ua wake kutoka mlangoni. Katika makanisa nako, ibada ikiwa inaendelea, kundi lisubiri nje.

Matembezi yakiisha, mlipe mwongozaji kinachostahili na umwombe mambo mawili: jina la makumbusho moja ambayo vitu vilivyochimbwa mjini vimehifadhiwa, na mtaa mmoja ambao hakuwa na nafasi ya kukupitisha. Andika mara moja majina ya mahali mliposimama, kwa mpangilio wake, kwani kufikia jioni yatakuwa yamechanganyika. Halafu, kabla hujaondoka mjini, rudi peke yako kwenye njia ile ile ukianzia mwisho wake, bila haraka, na simama kwenye kila ukuta ulioelezwa ili uone kama sasa unaweza kuusoma bila msaada. Ukikwama kwenye dirisha lililozibwa au jiwe lenye alama, lipige picha, upeleke swali lako kwenye makumbusho uliyotajiwa.