SOMO: Benki imekupa notisi ya kuuza nyumba uliyoweka rehani? Fanya haya kabla ya mnada

Wakuu, hili ni kwa waliokopa benki hapa Tanzania, marejesho yakakwama. Wengi humtafuta wakili dalali akiwa ameshabandika tangazo ukutani. Naumia kila nikiona hivyo, maana nafasi nzuri ilikuwa siku ile notisi ilipofika.

1. Soma notisi. Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, inaitaka benki ikupe notisi ya maandishi, na haiwezi kuuza mpaka siku 60 zipite tangu uipokee. Iandike tarehe uliyoipokea na aliyeileta, hata bahasha usiitupe. Dalali naye lazima atangaze mnada wa ardhi siku 14 kabla. Wakikosea hesabu hizo, umepata hoja.

2. Omba taarifa ya mkopo, ulinganishe riba na tozo na mkataba uliosaini.

3. Lipa chochote ulicho nacho, na uombe kwa barua upangiwe marejesho upya. Mdaiwa aliyekaa kimya mwaka mzima ni vigumu kuonewa huruma mahakamani.

4. Fungua kesi ya msingi pamoja na maombi ya zuio la muda (amri ya mahakama ya kusimamisha mnada wakati kesi inaendelea), kwa hati ya dharura, yaani ombi la kusikilizwa haraka. Thamani ya mali ndiyo huamua kama utaenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya au Mahakama Kuu.

Hapa ndipo wengi huanguka. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969, mwombaji anatakiwa kuonyesha mambo matatu kwa pamoja: kuna mgogoro wa kweli wa kusikilizwa, atapata hasara ambayo fedha haiwezi kuifidia, na yeye ataumia kuliko benki zuio likikataliwa. La pili ndilo gumu. Wakili wa benki atasema nyumba hii mwenyewe ulikubali ithaminiwe kwa shilingi ulipoiweka rehani, kwa hiyo inafidika. Kuandika "watoto wangu watalala nje" peke yake kwenye kiapo hakutoshi. Ambatanisha notisi yenye kasoro na risiti za malipo ambazo benki haikuziingiza kwenye hesabu ya mkopo.

MASWALI

Mume wangu aliweka rehani nyumba ya familia bila mimi kujua. Nina haki?
Unayo, dada. Rehani ya nyumba ya ndoa inahitaji ridhaa ya mwenza. Ila kama mume aliapa hana mke na benki ilichukua hatua za kutosha kuchunguza, vita inakuwa ngumu.

Zuio nimepata. Nimepona?
Bado, mkuu. Halizidi miezi 6, na hata likiongezwa, jumla haivuki mwaka mmoja. Riba inaendelea kupanda, kwa hiyo tafuta mnunuzi wako au maelewano na benki.

Wameshauza, tena bei ya kutupa!
Bei ikiwa chini ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kwamba benki haikutimiza wajibu wake, na unaweza kuomba mauzo yabatilishwe. Lakini mnunuzi aliyenunua kwa nia njema analindwa, na mara nyingi unabaki kudai fidia kwa benki. Nenda kwa wakili leo na tangazo la mnada na ripoti ya mthamini.