Umepewa barua ya kujieleza na uamuzi bado haujatoka? Anza na hivi kabla ya kukimbilia Mahakama Kuu

Dodoma imejaa ofisi za serikali, toka Mtumba mpaka halmashauri za wilaya, kwa hiyo barua za "jieleze kwanini usichukuliwe hatua" haziishi, leo mtumishi kapata ya nidhamu, kesho mwenye duka Majengo kaandikiwa kuhusu leseni, keshokutwa mwenye kiwanja Nzuguni anaambiwa umiliki wake uko mbioni kufutwa. Na wengi wakishaipata wanafanya kimojawapo kati ya viwili, ama anakaa kimya akiamini yatapita, ama anatafuta wakili siku hiyohiyo akazuie kila kitu mahakamani. Vyote viwili vinawaumiza watu na inauma kuona mtu mwenye haki yake anaipoteza hivihivi.

Elewa kwanza jaji anaangalia nini. Kesi ya kupinga uamuzi wa ofisi ya umma Mahakama Kuu inaitwa mapitio ya mahakama, nayo sio rufaa. Jaji hapimi kama ulistahili leseni au kama kweli ulichelewa kazini, anapima njia iliyotumika: aliyeamua alikuwa na mamlaka hayo kisheria? Alikusikiliza? Alikuwa na maslahi yake kwenye jambo lenyewe? Sasa vitu hivyo vinathibitishwa kwa karatasi, na karatasi hizo zinatengenezwa sasa hivi wakati uamuzi haujatoka, ukishatoka umechelewa kuzitengeneza.

Kwa hiyo jibu barua, kwa maandishi, ndani ya muda waliokupa. Anza kwa kuomba kinachokosekana. Kama tuhuma haina tarehe wala maelezo, andika kwamba huwezi kujibu usichokijua na unaomba ufafanuzi. Kama wanataja ripoti ya ukaguzi, omba kopi. Kama wamekupa siku mbili na nyaraka ziko Kondoa, omba muda uongezewe na useme sababu. Kama anayekaa kwenye kamati ndiye aliyekulalamikia, sema mapema na kwa adabu kwamba hafai kukaa, maana ukinyamaza mpaka ushindwe ndo uje kulia upendeleo, utaulizwa ulikuwa wapi siku zote. Halafu omba kusikilizwa ana kwa ana. Taja Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya 1977, inayompa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki na wajibu wake vinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote kinachohusika, yaani sio mahakamani tu. Mahakama ya Rufani kwenye kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts dhidi ya Jestina Mwakyoma ilishasema haki hii hapa kwetu ni ya kikatiba kabisa, na kwenye ya Abbas Sherally ikasema uamuzi uliotolewa bila kumsikiliza mtu ni batili hata kama angesikilizwa na matokeo yakawa yaleyale. Omba pia wakupe sababu za uamuzi watakaoufikia, Mahakama Kuu ilishalisisitiza hilo mwaka 1996 kwenye kesi ya Tanzania Air Services.

Barua peleka mwenyewe masjala, kopi yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Wakikataa kugonga, tuma kwa posta ya rejista utunze risiti. Ukiitwa kwa simu, baada ya kikao andika barua fupi ya kuthibitisha nini kilizungumzwa na nani alikuwepo. Neno la mdomo huko mbele halina miguu.

Mahakamani wakati uamuzi haujatoka? Inawezekana ila mlango ni mwembamba. Mara nyingi utaambiwa umewahi, subiri waamue. Panapoeleweka ni pale chombo kinapotaka kuamua jambo ambalo sheria haijakipa kabisa, hapo unaomba amri ya kuzuia, au pale wanapokalia maombi yako miezi na miezi wakati sheria inawataka waamue, hapo unaomba amri ya kuwalazimisha watimize wajibu wao. Uamuzi ukishatoka ndo unaomba amri ya kuutengua. Na kama sheria inakupa rufaa ya ndani, ipitie kwanza, mfano mtumishi wa umma aliyepewa adhabu ana njia ya Tume ya Utumishi wa Umma, ukiiruka jaji atakurudisha.

Utaratibu wenyewe wa mapitio uko kwenye Sura ya 310 ya Sheria za Tanzania na kanuni zake za 2014, Tangazo la Serikali namba 324. Unaanza kwa kuomba kibali cha Mahakama Kuu, ukiambatanisha maelezo na kiapo, ndani ya miezi 6 toka uamuzi au kitendo unacholalamikia, na hapa usilale maana muda ndo unaoua maombi mengi yenye hoja nzuri. Hatua ya kibali jaji anachuja tu, kuna hoja ya kubishaniwa? jambo lenyewe linakugusa? umekuja ndani ya muda? kuna njia nyingine? Ukishapewa kibali una siku 14 kufungua maombi yenyewe, sio mwezi. Dhidi ya serikali, Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe. Kama kuna hatari ya duka kufungwa au nyumba kubomolewa kesi ikiendelea, omba palepale jaji aelekeze kibali kisimamishe mchakato, hakisimamishi chenyewe.

Huna hela ya wakili? Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inatambua wasaidizi wa kisheria, ulizia ofisi ya maendeleo ya jamii kwenye halmashauri yako watakuelekeza walipo. Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora nayo inapokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma, na makao makuu yake yako hapahapa Dodoma. Nenda na lile faili lenye kopi zilizogongwa mihuri, zikiwa zimepangwa kwa tarehe.