Simu Imejaa Magemu: Jinsi ya Kuyafuta Mpaka Nafasi Irudi

Wateja wengi wanaoniletea simu zilizojaa wameshafuta magemu kabla hawajafika kwangu. Ikoni haionekani tena, lakini ukitaka kupiga picha simu bado inalalamika. Ni kwa sababu ikoni ni mlango tu. Mzigo wenyewe mara nyingi umewekwa chumba kingine. Fuata mpangilio huu. Nimeuandika kwa watumiaji wa Android, na wa iPhone nitawagusa mwishoni. Majina ya menyu hutofautiana kidogo kati ya simu na simu.

Hatua ya 1: Linda ulipofikia

Kabla ya kufuta chochote, fungua gemu uangalie kama limeunganishwa na akaunti ya Google, Facebook au nyingine. Wachezaji wa Free Fire wanaoingia kama wageni ndio wanaoumia zaidi: ukifuta gemu bila kuunganisha akaunti, unaweza kupoteza kila ulichokusanya, hata ulichonunua kwa pesa. Na kama simu inachezewa na mtoto, muulize kwanza. La sivyo kesho atalipakua upya kwa bando lako.

Hatua ya 2: Panga kwa ukubwa

Usifute kwa kubahatisha. Fungua Play Store, gusa picha ya akaunti yako juu kulia, ingia sehemu ya kudhibiti programu na kifaa, kisha kwenye orodha ya programu zilizosakinishwa chagua zipangwe kwa ukubwa. Wakubwa watakaa juu. Gemu kama Call of Duty: Mobile hupita GB 2 kirahisi ukishapakua ramani zake, wakati vigemu kumi vya karata na drafti pengine havifikishi hata nusu ya hapo. Weka tiki kwenye usiyoyataka, gusa alama ya pipa la taka, thibitisha.

Gemu lililosakinishwa nje ya Play Store huenda usilione hapo. Hilo liondolee kwenye Mipangilio, sehemu ya Programu. Likikuuliza kama ubakize data yake, usiweke tiki, maana ukiweka utakuwa umefuta mlango na kuacha mzigo.

Kama gemu bado unalipenda ila linakula nafasi, angalia ndani ya mipangilio yake. Magemu makubwa mengi huruhusu kufuta ramani na vifurushi usivyotumia. Kufuta akiba (cache, yaani mafaili ya muda ya gemu) peke yake ni nafuu ya muda tu. Inajaa tena ukicheza. Ila usiguse sehemu ya kufuta data kama hujamaliza hatua ya kwanza.

Hatua ya 3: Saka mabaki

Hapa ndipo GB zilipojificha. Ukifuta gemu la kawaida, Android huondoa pia folda zake za ndani. Isichogusa ni mafaili uliyoyaweka mwenyewe. Fungua programu ya mafaili na upekue folda ya vipakuliwa pamoja na folda ya Xender, kama huwa mnarushiana magemu. Utakuta faili la APK lililotumika kusakinisha gemu ambalo hata hulikumbuki. Futa.

Wapenzi wa PPSSPP, programu ya kuchezea kwenye simu magemu ya PSP (kifaa cha mkononi cha Sony), hii ni yenu. Kuondoa PPSSPP hakuondoi magemu ya PSP. Tafuta mafaili yanayoishia na iso au cso. Diski ya PSP ilibeba hadi GB 1.8, kwa hiyo faili moja la gemu la mpira linaweza kula zaidi ya GB 1. Tena wengi wana nakala mbili bila kujua: faili lililobanwa, la zip au 7z, na lile walilolifungua kwa programu kama ZArchiver. Ukishafungua, lililobanwa halina kazi kwenye simu. Folda ya SAVEDATA, ndani ya folda ya PSP, ina michezo uliyohifadhi. Ni ndogo, iache kama utarudi kucheza.

Hatua ya 4: Mwaga taka

Programu nyingi za mafaili hazifuti papo hapo. Files by Google, kwa mfano, huweka vilivyofutwa kwenye pipa kwa siku 30, na muda wote huo vinaendelea kuchukua nafasi. Ingia kwenye pipa hilo ulimwage.

Magemu yaliyokuja na simu

Mengine yana kitufe cha kuondoa, yaondoe tu. Yenye kitufe cha kuzima pekee, yazime: masasisho na data yake vitaondoka. Gemu la asili litabaki kwenye sehemu ya mfumo, ambayo hata hivyo usingeweza kuweka picha zako, kwa hiyo usihangaike nalo. Na tafadhali usipakue programu ya "kusafisha simu" ili ikusaidie. Nyingi zimejaa matangazo, na yenyewe ni mzigo mwingine.

Kwa wenye iPhone

Ingia Mipangilio, sehemu ya jumla, halafu hifadhi ya iPhone. Ukigusa gemu utaona njia mbili: moja huondoa programu na kubakiza data yake, nyingine hufuta vyote. Unayetaka nafasi, chagua ya pili. Kama ulijiunga na malipo ya kila mwezi ndani ya gemu, yasitishe kwenye akaunti yako ya Apple, au Play Store kwa wa Android, kwa sababu kufuta gemu hakusimamishi makato.