Fourthly ipo, ila usiitumie ovyo

Vijana wangu wa Mombasa mnaoandika barua za kuomba kazi kwenye hoteli za Nyali au ofisi za Kilindini, angalieni sana mnavyopanga hoja kwa Kiingereza. Firstly, secondly na thirdly zimezoeleka. Fourthly, fifthly, hata eleventhly ni maneno halali, lakini msomaji akifika sixthly huwa ameshachoka kuhesabu. Hoja zikizidi tatu, ziwekee nambari, ya mwisho uifungulie kwa lastly.

Na hapo kwenye lastly ndipo wengi wanapoteleza, wakaandika at last. Lastly ni hoja ya mwisho. At last ni "hatimaye", baada ya kungoja sana. Ukiandika "At last, I speak Arabic", meneja ataelewa umehangaika miaka na mikaka mpaka Kiarabu kikakukubali! Vivyo hivyo at first si firstly. At first ni "mwanzoni", na msomaji atasubiri kuambiwa nini kilibadilika baadaye.

Tahajia nayo: ninthly haina e katikati, twelfthly ina f. First tupu, bila -ly, ni sahihi kabisa, na mimi ndiyo naipenda zaidi.