Jinsi ya kusimulia maisha ya Hans-Joachim Klein pale bustani ya Jeevanjee, Nairobi, bila watu kukutoroka

Ukisimulia huyu jamaa, Mjerumani aliyekuwa gaidi, saa ya lanchi, usianzie alizaliwa wapi, watu watarudi kazini kabla hujafika mahali. Anzia Vienna, Desemba 21, 1975: Klein na wenzake wakiongozwa na Carlos, yule gaidi wa Venezuela, wanavamia na bunduki mkutano wa OPEC, umoja wa nchi zinazouza mafuta, watu watatu wanauawa, yeye mwenyewe anakula risasi ya tumbo na bado anapakiwa kwa ndege pamoja na mateka kuelekea Algiers.

Hapo lazima mtu aulize, sasa sisi wa Nairobi inatuhusu nini? Mjibu tu haraka kwamba kikundi chake, Revolutionäre Zellen, wanamgambo wa mrengo wa kushoto wa Ujerumani, ndiko walitoka wale Wajerumani wawili walioshiriki kuteka ndege iliyopelekwa Entebbe, Uganda, 1976, na ndege za Israeli zikitoka huko kuokoa mateka zilitua hapa Embakasi kuongeza mafuta.

Pa kukaa ni 1977. Alituma bastola yake kwa posta, ndio, bastola, ikaenda kwa jarida la Der Spiegel na barua akisema ametoka kwa kikundi na akifichua kuna viongozi wawili wa Wayahudi wamepangiwa kuuawa. Waache wabishane, msaliti ama mtu aliyeamka, mimi nasema aliamka, lakini usimsafishe, wale watatu wa Vienna wataje tena.

Zingine pitia mbio: kujificha Ufaransa, kushikwa 1998, kuhukumiwa Frankfurt 2001 miaka 9 jela, kuachiliwa 2003, kufa 2022. Halafu chukua maswali, na yule mzee wa kupenda kuhubiri mpe nafasi ya mwisho kabisa.