Namna ya kueleza kwa nini mchezo wa upatu haufi

Ukiulizwa kwa nini upatu, yaani kuchangishana fedha na kupokezana kwa zamu, hudumu, usijibu "watu wanaaminiana". Hapo umelipa jambo jina tu, hujalieleza. Anza na mtu mmoja: wanachama 10, kila mwezi shilingi 50,000, wa kwanza anabeba 500,000 na bado anadaiwa miezi 9. Kwa nini asitoroke? Fuata kiungo kwa kiungo: kijumbe, yaani anayekusanya michango, anapajua kwake, majirani watasikia, mchezo ujao hatachukuliwa.

Kisha ondoa kiungo kimoja. Wanachama wakiwa watu wasiojuana kwenye kundi la WhatsApp, utoro unapaswa kuongezeka. Usipoongezeka, kinachowabana ni kingine. Wahoji waliopokea mapema, maana wa mwisho hana deni la kukimbia.